Errol Morris na mvuto wa watu wa ajabu

Mwaka 1978 Errol Morris, Mmarekani anayetengeneza filamu za hali halisi, alitoa filamu yake ya kwanza, Gates of Heaven, kuhusu makaburi ya wanyama wa nyumbani huko California. Hamna vita wala kiongozi. Ni watu waliozika mbwa wao, wakiongea mbele ya kamera iliyotulia tuli. Baadaye akamfuata mfunza simba, mtunza bustani anayekata vichaka viwe na umbo la wanyama, hata mtaalamu wa fuko wasio na manyoya. Wapo wanaosema anatafuta vituko tu. Siwaungi mkono, ingawa kuna mahali hoja yao inanigusa.

Kwanza, jicho lililozoea mambo ya pembeni huona yaliyowapita wengine. Morris alikwenda Texas kumfuatilia daktari wa akili, James Grigson, aliyekuwa akiwahakikishia wazee wa baraza kwamba mshtakiwa fulani ataua tena. Huko gerezani akakutana na Randall Dale Adams, aliyehukumiwa kwa mauaji ya polisi wa Dallas mwaka 1976. Akamwacha daktari, akaifuata kesi. Katika The Thin Blue Line ya 1988, kikombe cha maziwa kinarushwa gizani, kinapinduka hewani polepole, kinamwagika kando ya barabara. Kikombe tu! Lakini kinakulazimisha ujiulize: polisi aliyekuwa zamu pamoja na marehemu alikuwa amesimama nje ya gari, au alikuwa ndani anakunywa? Mwaka uliofuata Adams aliachiwa huru.

Sasa upande unaonisumbua. Filamu ya Mr. Death ya 1999 inamhusu Fred Leuchter, mbunifu wa vifaa vya kunyongea wafungwa, aliyekwenda Auschwitz, iliyokuwa kambi ya mauaji ya Wanazi, mwaka 1988, akabandua vipande vya ukuta na kudai hapakuwa na vyumba vya gesi ya sumu. Morris alipoonyesha toleo la awali pale Harvard, akimwacha Leuchter ajisemee, baadhi ya watazamaji walianza kumwamini. Wengine wakadhani Morris mwenyewe anakubaliana naye. Ikabidi aongeze watu wa kumjibu, akiwemo mkemia anayeeleza kwamba sumu ile haiingii ukutani hata kwa unene wa unywele, ilhali vipande vile vilisagwa vizima kabla ya kupimwa.

Hapo ndipo nawaelewa wakosoaji. Kumwacha mtu aongee bila kumkatiza ni heshima anapomlilia mbwa wake. Anapokana mauaji ya mamilioni ya Wayahudi, ukimya wa mtengeneza filamu unamwachia uwanja. Morris alirekebisha, na hilo nampa haki yake, ila alihitaji kushtuliwa na watazamaji kwanza.

Adams naye, baada ya kutoka, alimshtaki Morris kudai haki za simulizi ya maisha yake. Wakamalizana nje ya mahakama. Wengi walimwita asiye na shukrani. Mimi sioni hivyo. Kwa miaka 12 wengine ndio walioamua asimuliwe vipi.