Fedha za madini zimefika kabla ya baraza

Mwishoni mwa msimu wa mvua uliopita nilikaa katika mkutano wa kartie, yaani mtaa, hapa Lubumbashi, Kongo, katika komini (manispaa) ambayo sitaitaja jina. Tulikuwa watu wapatao arobaini, wengi wao akina mama, na shefu wa kartie alitaka tuchague pamoja mahitaji ya kuingizwa katika mpango wa maendeleo wa komini. Kazi ilikwenda vizuri kuliko nilivyotazamia. Kufikia jioni tulikuwa tumekubaliana mambo matatu: mfereji wa maji ya mvua kwenye avenyu inayobomoka kila mwaka, daraja dogo ambalo wanafunzi hulivuka kwa hofu, na kisima kirefu kwa ajili ya nyumba ambazo bomba la Regideso, shirika la maji la taifa, halizifikii. Ndipo mama mmoja anayeuza makaa akasimama na kuuliza: "Baba shefu, karatasi hii inakwenda kwa nani?" Akajibiwa kwamba inakwenda kwa bugumesta, mkuu wa komini. "Na bugumesta yeye anamjibu nani?" Hakuna aliyepata la kusema.

Swali hilo nimetembea nalo tangu siku ile, kwa maana naliona kuwa kiini cha ugatuzi wa madaraka katika nchi yetu. Tumezoea kulalamika kwamba sheria zetu ni mbaya, au kwamba fedha hazipo. Mimi nasema sheria ipo, na katika sehemu za migodi fedha nazo zimeanza kufika. Kinachokosekana ni baraza lililochaguliwa na wananchi, lenye uwezo wa kuupitisha mpango, kuipigia kura bajeti na kumwita kiongozi aeleze alichofanya.

Katiba ya tarehe 18 Februari 2006 iliamua kwamba mji, komini, sekta (eneo la vijiji) na sheferi, yaani eneo linaloongozwa na chifu wa kimila, ziwe serikali zenye kujiendesha zenyewe. Katiba hiyo hiyo, katika kifungu cha 175, inasema kwamba asilimia 40 ya mapato ya taifa ni fungu la majimbo, tena likatwe hapo hapo yanapokusanywa, bila kusafiri kwanza hadi Kinshasa. Sheria ya Oktoba 2008 ikaongeza kwamba katika fungu hilo la jimbo, asilimia 40 ni ya serikali hizo za chini. Kila anayefanya kazi katika utawala wa jimbo anajua yaliyotokea baadaye: fedha zilikwenda Kinshasa zote, na kilichorudi kwa jina la retrosesheni kilikuwa kidogo, cha kuchelewa, na sehemu kubwa yake ikaishia kwenye mishahara. Mwaka 2015 jimbo letu la Katanga likagawanywa kuwa majimbo manne, Haut-Katanga, Lualaba, Haut-Lomami na Tanganyika, na kila moja likahitaji gavana, mawaziri, bunge na majengo ya kuwaweka, kabla hata ya kujua litaishi kwa nini.

Badiliko la kweli lilikuja kwa mlango mwingine, mlango wa madini. Sheria ya madini iliyorekebishwa tarehe 9 Machi 2018 iligawa mrabaha, yaani malipo ya kampuni kwa madini inayoyauza, hivi: asilimia 50 kwa serikali kuu, 25 kwa jimbo, 15 kwa komini, sekta au sheferi ambamo mgodi unafanya kazi, na 10 kwa mfuko wa vizazi vijavyo. Mgawo huo haukuwa mpya wote, kwani sheria ya mwaka 2002 nayo ilizitengea serikali za chini asilimia 15. Lakini fedha hizo zilipaswa kupita hazina ya taifa, nazo hazikutoka huko kwa urahisi. Tangu 2018 kampuni inalipa fungu hilo moja kwa moja kwenye akaunti ya serikali ya mahali. Mrabaha wa shaba ni asilimia 3.5 ya thamani yake sokoni, kwa hiyo kila shaba ya dola 1,000,000 inaiachia sekta dola 5,250. Kobalti, iliyotangazwa kuwa madini ya kimkakati mwaka huo huo wa 2018 na kutozwa asilimia 10, kwa thamani hiyo hiyo inaiachia dola 15,000. Kwa sekta ambayo jana ilitegemea kodi za soko na za baiskeli, na ambayo leo ina mgodi mkubwa ndani ya mipaka yake, hizo ni fedha ambazo hakuna chifu wala karani wa zamani aliyewahi kuziota.

Na hapa ndipo ninapoumia. Kwa sheria ya 2008, mpango wa maendeleo na bajeti ya komini vinapitishwa na washauri wa komini waliochaguliwa na wakazi, na washauri hao ndio wanaomchagua bugumesta. Vivyo hivyo sekta na sheferi zinapaswa kuwa na mabaraza yao. Chini ya Katiba hii, uchaguzi wa washauri ulifanyika kwa mara ya kwanza Desemba 2023, na ulifanyika katika komini za miji mikuu ya majimbo tu. Sekta na sheferi ziliachwa nje. Sasa tazama migodi iko wapi. Michache iko ndani ya mji kama Lubumbashi. Mingi iko vijijini, katika sekta na sheferi za teritwari (wilaya) kama Kambove, Kipushi na Sakania, na upande wa Lualaba katika maeneo ya Lubudi na Mutshatsha. Maana yake ni kwamba mahali pale pale ambapo mrabaha unaingia kwa wingi ndipo pasipo na hata mshauri mmoja aliyepigiwa kura. Mtu mmoja, aliyeteuliwa kutoka juu au aliyerithi kiti kwa mila, anatia saini.

Sisemi kwamba viongozi hao ni wezi. Nimekutana na chifu aliyejenga madarasa mazuri na zahanati, akanionyesha hesabu zake ukurasa kwa ukurasa bila kuombwa. Lakini maendeleo yanayotegemea moyo mwema wa mtu mmoja huzikwa pamoja naye, au huhama siku anapobadilishwa. Pia nimeona mahali ambapo fedha za mwaka mzima ziliingia katika ukuta, lango na gari la ofisi, huku orodha ya mahitaji ya vijiji ikikaa kabatini. Na wanakijiji hawakuwa na pa kwenda, kwa kuwa hapakuwa na kikao chochote ambamo sauti yao ina nguvu ya kisheria.

Serikali kuu imejaribu njia yake pia. Mpango wa maendeleo ya teritwari 145, ulioanzishwa 2022, umejenga shule, vituo vya afya na ofisi za utawala, na katika kijiji kisichokuwa na darasa la matofali hilo ni jambo la kushukuru. Hata hivyo, kazi hiyo iligawiwa mashirika matatu ya utekelezaji, mikataba ikatiwa saini mbali, na teritwari yenyewe kwa sheria yetu si serikali yenye kujiendesha: ni tawi la serikali kuu, haina baraza wala bajeti inayoipigia kura. Mjenzi akiondoka kabla ya kuezeka paa, msimamizi wa teritwari anaweza kuandika barua tu.

Kuna wanaoniambia kwamba mabaraza ya vijijini yataleta siasa za ukabila na posho nyingi. Hofu hiyo naiheshimu, maana Katanga tumeyaona. Lakini majirani zetu walipita njia hiyo. Tanzania ilizifuta serikali za mitaa mwaka 1972 ikitumaini kwamba wataalamu wa mikoani wangepanga vizuri zaidi, kisha kwa sheria za 1982 ikazirudisha, baada ya huduma za miji na wilaya kuzorota. Kenya ina kaunti 47 zenye magavana na mabunge tangu 2013, na katiba yake inazihakikishia angalau asilimia 15 ya mapato ya taifa. Ugomvi wa posho huko haujaisha, lakini mkazi wa Turkana anajua mlango wa kugonga.

Liko jambo moja ambalo baraza la sekta peke yake haliwezi kulitatua, nalo linaigusa sahani yetu. Lubumbashi inakula bukari, yaani ugali, wa mahindi ambayo mengi yanapita mpaka wa Kasumbalesa kutoka Zambia, na Zambia ikifunga mpaka bei ya unga inapanda mjini ndani ya siku chache. Ardhi ya Kasenga, Pweto na Mitwaba inaweza kutulisha, ila barabara kutoka shambani hadi soko inapita katika sekta na sheferi kadhaa, moja ikiwa na mrabaha na nyingine haina hata wa kununulia saruji. Hapo ni wajibu wa jimbo, lenye asilimia 25 yake, kufunga pengo kati ya jirani tajiri na jirani maskini. Na kati ya majimbo, kifungu cha 181 cha Katiba kilitenga asilimia 10 ya mapato ya taifa kwa mfuko wa kusawazisha. Haut-Lomami, iliyobaki bila migodi mikubwa ya shaba tulipogawanywa, ingeuhitaji mfuko huo tangu siku ya kwanza.

Ninaloomba kwa bunge la taifa na kwa tume ya uchaguzi ni hili: kalenda ya uchaguzi wa 2028 isitangazwe bila mabaraza ya sekta na sheferi ndani yake, kuanzia zile zinazopokea mrabaha. Kwa kungojea siku hiyo, mabunge ya majimbo ya Haut-Katanga na Lualaba yanaweza kudai kwamba kila serikali ya mahali ibandike ukutani, kila baada ya miezi mitatu, kiasi ilichopokea kutoka kila kampuni, kilichotumika, na kazi gani kutoka katika orodha ya vijiji au ya kartie ilifanywa. Ibandikwe kwa Kiswahili, ili mama muuza makaa aisome mwenyewe akielekea sokoni.