Polisi wa New York Hawaombi Hela, Lakini Wanaandika

Jamaa zangu wa Dar es Salaam huniuliza mara kwa mara kama ni kweli kwamba askari wa New York hawaombi hela ya soda. Tangu nihamie Bronx sijaombwa, wala sijasikia jirani aliyeombwa. Hata hivyo, anayewapima polisi wa mji huu kwa rushwa peke yake anaangalia upande usio na tatizo kubwa. Kinachomtesa mtu huku ni maandishi: akishakamatwa na kuchukuliwa alama za vidole, habari zake huingia katika kumbukumbu za jimbo kule Albany na za FBI, na zinaweza kumkuta baadaye mbele ya ofisa uhamiaji hata kama mashtaka yalifutwa kitambo.

Maandishi hayo huanzia barabarani. Uamuzi wa Mahakama ya Juu ya Marekani wa mwaka 1968, katika kesi ya Terry dhidi ya Ohio, unamruhusu askari kumsimamisha mtu akiwa na shaka yenye msingi, na kumpapasa juu ya nguo iwapo ana sababu ya kuamini kwamba ana silaha. New York ilitumia ruhusa hiyo kupita kiasi: mwaka 2011 watu walisimamishwa zaidi ya mara 685,000, wengi wao Weusi na Walatino, na karibu tisa katika kila kumi hawakukamatwa wala kuandikiwa kosa lolote. Agosti 2013 Jaji Shira Scheindlin alitamka kwamba mji ulikuwa unavunja Katiba kwa namna ulivyotekeleza jambo hilo. Mwaka uliofuata idadi ilishuka chini ya 50,000, na mauaji, ambayo wakubwa wa polisi walitutisha kwamba yangepanda, yakawa machache kuliko ya 2011.

Katika hao wachache waliokamatwa, bangi ilikuwa na nafasi ya pekee, na hapa pana ujanja unaostahili kuelezwa polepole. Tangu mwaka 1977 sheria ya jimbo ilihesabu bangi kidogo iliyo mfukoni kuwa kosa la faini tu. Jinai ilikuwa kuionyesha hadharani. Basi askari alimsimamisha kijana, akamwamuru atoe vyote vilivyo mfukoni, na bangi ilipotoka tu ikawa imeonyeshwa hadharani, pingu zikafuata. Mwaka 2011 waliokamatwa kwa bangi kidogo walikuwa takriban 50,000. Hata sisi tuliokulia penye malalamiko ya watu kubambikiwa kesi tuna la kujifunza hapo.

Sisemi haya ili kuisifu hali ya nyumbani. Tanzania mtu anaweza kukaa mahabusu miaka kwa shtaka lisilo na dhamana, na Rais Samia asingeunda tume ya haki jinai mwaka 2023, chini ya Jaji Mkuu mstaafu Mohamed Chande Othman, kama mambo yangekuwa shwari. Lakini hofu ya nyumbani ni ya siku zile unazoshikiliwa. Mdhamini akija na barua ya serikali ya mtaa, kesi ikaisha, jalada hubaki kabatini kituoni, na mwajiri wa kawaida huuliza wadhamini wako ni nani na unatoka mtaa gani. Anakuchunguza kupitia watu, na watu hujua kwamba mtu hubadilika. Huku anakuchunguza kupitia kampuni zinazouza taarifa za mahakama.

New York yenyewe imeuona ubaya huo, na kwa hili naipongeza. Kesi iliyofutwa hufungiwa kisheria, yaani rekodi yake haionyeshwi tena kwa umma. Tangu 2015 mwajiri wa mjini humu haruhusiwi kuuliza rekodi ya jinai kabla ya kukuahidi kazi. Bangi ilihalalishwa mwaka 2021, na hukumu zake nyingi zikaamriwa kufutwa. Sheria iliyoanza kutumika Novemba 2024 inafungia hukumu za makosa madogo baada ya miaka mitatu, na nyingi za makosa makubwa baada ya minane, ingawa mahakama zimepewa hadi Novemba 2027 kuikamilisha kazi hiyo.

Tatizo ni kwamba msamaha huo ni wa jimbo, na uhamiaji ni wa serikali kuu ya Marekani. Fomu ya kuomba uraia inauliza kama umewahi kukamatwa au kushikiliwa popote, na inakutaka useme hata kama rekodi ilifungiwa. Bangi ingali haramu katika sheria ya uhamiaji. Mzaliwa wa Brooklyn aliyekiri kosa dogo mwaka 2011 leo anaweza kuendelea na maisha yake. Mtanzania aliyesimama kizimbani pamoja naye huenda bado anahangaika na mwanasheria.

Kwa wageni ninaokutana nao hapa, sichoki kuwaeleza habari ya kukiri kosa, kwa sababu kesi nyingi za mji huu huishia kwa makubaliano wala hazisikilizwi. Wakili anayekutetea akikwambia ukiri ili utoke leo uwahi kazini, muulize kwanza kukiri huko kutaufanya nini ukazi wako. Tangu uamuzi wa Mahakama ya Juu ya Marekani wa mwaka 2010 katika kesi ya Padilla, kukueleza hatari hiyo ni wajibu wake.