Adui na Mhaini kwa Wakati Mmoja: Majina Mawili Ambayo Serikali ya Lincoln Iliwapa Waasi

Tarehe 10 Julai 1861 meli iitwayo Amy Warwick, iliyokuwa ikitoka Rio de Janeiro ikiwa imesheheni kahawa, ilikamatwa na jeshi la majini la Marekani karibu na pwani ya Virginia. Ilikuwa ikipeperusha bendera ya Marekani. Wenye meli walikuwa wafanyabiashara wa Richmond, mji wa Virginia uliokuwa makao makuu ya majimbo ya Kusini yaliyojitenga na Marekani na kuasi, na kosa lao, kama lilikuwa kosa, lilikuwa ni kuishi Richmond. Meli na shehena yake vilipelekwa mahakamani ili vitangazwe kuwa ngawira, yaani mali ya adui iliyotekwa vitani, ingawa Kongresi haikuwa imetangaza vita vyovyote na Serikali yenyewe ilikuwa ikishikilia kwamba Virginia bado ni sehemu ya Marekani na wakazi wake bado ni raia.

Kesi hiyo iliunganishwa na nyingine tatu, ya Crenshaw iliyobeba tumbaku kwenda Liverpool, ya Hiawatha ya Waingereza na ya Brilliante ya Wameksiko, nazo zikafika pamoja Mahakama ya Juu. Swali lililokuwa chini ya magunia ya kahawa na tumbaku lilikuwa zito kuliko mali yenyewe: mtu anayeiinukia serikali yake kwa silaha ni mhalifu au ni adui? Akiwa mhalifu, anastahili shitaka, wakili, mashahidi na jopo la raia wenzake, na akipatikana na hatia ananyongwa. Akiwa adui, anaweza kuuawa uwanjani bila hukumu yoyote na mali yake ikatekwa baharini, lakini akijisalimisha huwa mateka wa vita, na mateka wa vita hanyongwi kwa kosa la kupigana. Serikali ya Rais Abraham Lincoln iliamua kuwaita waasi kwa majina yote mawili. Nionavyo mimi, uamuzi huo ulikuwa sahihi baharini, ulikuwa wa hatari nchi kavu mbali na mapigano, na mwishowe uliinyima Serikali hukumu ya uhaini iliyokuwa ikiitaka.

Uhaini ndilo kosa pekee ambalo Katiba ya Marekani inalieleza yenyewe badala ya kuiachia Kongresi. Ibara ya 3 inasema kwamba uhaini ni kuanzisha vita dhidi ya Marekani au kuambatana na maadui zake kwa kuwapa msaada na faraja, na si kitu kingine, na kwamba hakuna atakayetiwa hatiani ila kwa ushahidi wa watu wawili walioona kitendo kilekile cha wazi, au kwa kukiri mwenyewe mbele ya mahakama. Maneno hayo yana asili katika sheria ya Mfalme Edward III wa Uingereza ya mwaka 1351, lakini waandishi wa Katiba walikiacha kipengele cha kuwazia kifo cha mfalme, kwa kuwa walijua jinsi kilivyowahi kuwafikisha watu kwenye kitanzi kwa maneno matupu. (Msomaji wa Kenya atakitambua kipengele hicho: kilirithiwa na kifungu cha 40 cha Kanuni ya Adhabu, ambako Rais alichukua nafasi ya mfalme.)

Uzio huo ulifanya kazi yake mapema. Mwaka 1794 wakulima wa magharibi mwa Pennsylvania walipopinga kodi ya wiski kwa silaha, George Washington aliitisha karibu wanamgambo 13,000, lakini mahakama iliwatia hatiani watu wawili tu, naye akawasamehe. Mwaka 1807 Aaron Burr, aliyekuwa Makamu wa Rais, aliachiwa huru huko Richmond, kwa sababu Jaji Mkuu John Marshall alidai kitendo cha wazi kithibitishwe, na siku watu wenye silaha walipokusanyika kwenye kisiwa cha Blennerhassett katika mto Ohio, Burr hakuwapo.

Sheria ya namna hiyo ilishonwa kwa kipimo cha mtu mmoja au kikundi. Mwaka 1861 waliojitenga walikuwa majimbo 11 yenye wakazi takribani milioni 9, kati yao watumwa zaidi ya milioni 3. Tena Katiba inataka kesi isikilizwe katika jimbo ambamo kosa limetendeka, maana yake mwasi wa Virginia ahukumiwe na jopo la watu wa Virginia. Kumwambia Lincoln apambane na uasi wa ukubwa huo kwa hati za mashitaka kulikuwa sawa na kumwambia azime moto wa msitu kwa kata ya maji.

Hata hivyo hoja ya upande wa pili haikuwa nyepesi, na ilisikika mapema. Usiku wa manane wa tarehe 25 Mei 1861 askari walimwamsha nyumbani kwake John Merryman, mkulima tajiri wa Maryland, wakampeleka katika ngome ya McHenry huko Baltimore kwa tuhuma zilizohusu kuharibiwa kwa madaraja ya reli. Jaji Mkuu Roger Taney, yuleyule aliyeandika mwaka 1857 hukumu ya Dred Scott, iliyosema kwamba Mweusi hawezi kuwa raia wa Marekani, alitoa amri ya habeas corpus kumtaka Jenerali George Cadwalader amlete mfungwa mahakamani na kueleza sababu za kumshikilia. Jenerali hakwenda. Alimtuma kanali, ambaye aliingia chumba cha mahakama akiwa na upanga ubavuni, akasoma jibu kwamba Rais amewapa makamanda mamlaka ya kusimamisha amri za namna hiyo. Ofisa wa mahakama aliyetumwa ngomeni siku iliyofuata hakupita hata langoni.

Taney aliandika kwamba mamlaka ya kusimamisha habeas corpus wakati wa uasi au uvamizi ni ya Kongresi, kwa kuwa kifungu chake kimo katika Ibara ya 1, inayohusu Kongresi. Lincoln alijibu katika ujumbe wake wa tarehe 4 Julai kwamba kifungu hakisemi ni nani, kwamba kiliwekwa kwa ajili ya dharura, na kwamba dharura haingoji wabunge wasafiri. Kisha akauliza swali ambalo bado linanukuliwa: je, sheria zote isipokuwa moja ziachwe bila kutekelezwa, na serikali yenyewe isambaratike, ili hiyo moja isivunjwe? Ni swali lenye nguvu, ila linaficha jambo. Ngome ya Sumter ilishambuliwa na waasi tarehe 12 Aprili, vita vikaanza, na aliyepanga Kongresi ikutane tarehe 4 Julai, karibu miezi mitatu baadaye, alikuwa Lincoln mwenyewe. Kwa maandishi ya Katiba, Taney alikuwa na hoja bora, na sioni haya kusema hivyo ingawa historia yake kuhusu utumwa inamfanya awe mtu mgumu kumtetea. Kongresi ilikuja kupitisha sheria ya kusimamisha habeas corpus tarehe 3 Machi 1863, na hatua hiyo yenyewe yadokeza kwamba ridhaa yake ilihitajika.

Wiki moja baadaye, tarehe 10 Machi 1863, Mahakama ya Juu ilitoa hukumu juu ya zile meli nne. Mawakili wa wenye meli walishikilia kwamba vita kisheria huanzishwa na Kongresi tu, na kwamba amri za Aprili 1861 za kuzifunga bandari za Kusini hazikuwa na msingi. Jaji Robert Grier, kwa kura 5 dhidi ya 4, alisema vita vya wenyewe kwa wenyewe havitangazwi, bali hutokea, na Rais alilazimika kuvikabili kama vilivyojitokeza bila kungoja Kongresi ivibatize jina. Kuhusu wakazi wa majimbo yaliyoasi alisema kwamba kuwa kwao wahaini hakuwaondolei uadui. Jaji Samuel Nelson, kwa niaba ya wachache, alijibu kwamba kabla ya sheria ya Kongresi ya tarehe 13 Julai 1861 kulikuwa na uasi wa watu, na wenye hatia waadhibiwe kama watu, lakini hakukuwa na vita vinavyoweza kumgeuza raia kuwa adui kwa sababu tu ya mahali anapoishi. Amy Warwick ilikamatwa siku tatu kabla ya tarehe hiyo.

Kura moja ikihama, hesabu inageuka. Lakini hapa naona Grier alikuwa sahihi. Dunia ilikuwa imekwisha kuviita vita: Uingereza ilitangaza kutofungamana na upande wowote mwezi Mei 1861, na meli za kigeni zisingeheshimu kufungwa kwa bandari kama si tendo la vita. Tena jambo kubwa kuliko yote lililofanywa kwa mamlaka ya vita, Tangazo la Ukombozi la tarehe 1 Januari 1863, lililowatangaza huru watumwa wa maeneo yaliyoasi, lisingeweza kufanywa kwa sheria ya uhaini. Kwa njia ya uhaini kila mwenye watumwa angepaswa kushitakiwa kivyake na kushindwa mbele ya jopo la majirani zake, na Katiba inasema kunyang'anywa mali kwa sababu ya uhaini hakupiti uhai wa mkosaji. Aliyekombolewa kwa njia hiyo angebaki na shaka iwapo mrithi angeweza kumdai siku bwana wake wa zamani akifariki. Wanaosema mamlaka ya vita daima ni adui wa uhuru wanalazimika kulijibu hilo, na sijaona jibu lao likitosheleza.

Ugumu ulikuwa kwa watu, kuliko kwa meli na mali. Katikati ya mwaka 1861 mabaharia wa Savannah, meli ya watu binafsi iliyopewa kibali na Jefferson Davis, rais wa majimbo yaliyoasi, kuteka meli za Kaskazini, walikamatwa na kushitakiwa New York kwa uharamia, ambao adhabu yake ilikuwa kifo. Davis aliposikia aliamuru wafungwa wa Kaskazini wapigiwe kura, na waliochaguliwa watendewe vilevile watakavyotendewa wale mabaharia. Miongoni mwao alikuwa Kanali Michael Corcoran wa kikosi cha 69 cha New York. Jopo likashindwa kukubaliana, na mwanzoni mwa 1862 Serikali ikawahesabu mabaharia kuwa mateka wa vita. Hapo ndipo njia mbili zilipoanza kumshinda fisi. Kanuni za jeshi zilizoandikwa na Francis Lieber na kutolewa Aprili 1863 zilijaribu kuziunganisha kwa kusema kwamba kuwatendea waasi kwa desturi za vita hakuwazuii viongozi wao kushitakiwa kwa uhaini, lakini kila mateka aliyebadilishwa kwa mwenzake alikuwa akiidhoofisha kauli hiyo.

Kaskazini nako, mbali na mapigano, jina la adui liliwaangukia watu ambao mahakama za kawaida zingeweza kuwahukumu. Lambdin Milligan, mwanasheria wa Indiana, alikamatwa Oktoba 1864 na kuhukumiwa kunyongwa na mahakama ya kijeshi, wakati mahakama za kiraia za Indiana zilikuwa wazi na majaji wapo vitini. Mwaka 1866 Mahakama ya Juu ilitamka hukumu hiyo kuwa batili, na aliyeandika uamuzi alikuwa Jaji David Davis, rafiki na mpiga debe wa Lincoln, aliyesema kwamba Katiba ni sheria kwa watawala na watu sawasawa, wakati wa vita na wakati wa amani. Ni maneno mazuri, ila yalikuja vita vikiwa vimekwisha. Milligan baadaye alidai fidia, na jopo likampa dola 5.

Jefferson Davis mwenyewe alikamatwa Georgia tarehe 10 Mei 1865, akakaa miaka miwili katika ngome ya Monroe, akatoka kwa dhamana ya dola 100,000 iliyotiwa saini, pamoja na wengine, na mhariri Horace Greeley na tajiri Cornelius Vanderbilt, watu wa Kaskazini. Mmoja wa mawakili waliopewa kazi ya kumshitaki kwa uhaini alikuwa Richard Henry Dana, ambaye mwaka 1863 alikuwa amesimama mbele ya Mahakama ya Juu kuitetea Serikali katika kesi ya Amy Warwick. Mtu huyohuyo aliyeishawishi Mahakama kwamba watu wa Richmond ni maadui sasa alitakiwa kulishawishi jopo la Richmond kwamba kiongozi wao ni mhaini. Agosti 1868 alishauri kesi iachwe: vita vilikuwa vimekwisha kuamua kila kitu, na mjumbe mmoja tu wa jopo, kwa ukaidi au kwa woga, angeweza kuipa Kusini mahakamani ushindi ilioukosa uwanjani. Krismasi ya mwaka huo Rais Andrew Johnson alitoa msamaha kwa wote, na mashitaka yakafutwa mwanzoni mwa 1869.

Wapo waliolalamika, na bado wapo, kwamba kumwachia Davis kuliifanya damu iliyomwagika ionekane kama gharama za mabishano ya kisheria. Nawaelewa. Lakini Dana hakuwa akiogopa; alikuwa akilipa deni la hoja yake mwenyewe ya 1863, kwa sababu Serikali iliyokwisha kuchukua ngawira, kuzifunga bandari na kubadilishana mateka na waasi ingeliambia jopo nini ikisema kwamba siku zote hizo ilikuwa ikiwatafuta wahalifu?

Swali lilirudi mwaka 2004, katika kesi ya Yaser Hamdi, raia wa Marekani aliyezaliwa Louisiana na kukamatwa Afghanistan, ambaye Serikali ilimzuia kama mpiganaji adui bila kumshitaki. Jaji Sandra Day O'Connor alikubali kwamba raia anaweza kuzuiwa hivyo, ila apewe nafasi ya kuzipinga tuhuma mbele ya mwamuzi asiyependelea. Jaji Antonin Scalia, akiungwa mkono na John Paul Stevens, alikataa katikati hiyo: raia anayetuhumiwa kuipiga vita nchi yake ama ashitakiwe kwa uhaini au kosa jingine, ama Kongresi isimamishe habeas corpus. Hamdi hakushitakiwa kamwe. Oktoba mwaka huo alipelekwa Saudi Arabia baada ya kukubali kuukana uraia wa Marekani, hadhi ileile ambayo ingewezesha aitwe mhaini.