Msimu wa pili ndio uliompa bosi utu

Aliyeanza kutazama The Office ya Marekani, tamthilia ya vichekesho ya runinga, akaishia njiani msimu wa kwanza, simlaumu. Zile sehemu 6 za mwaka 2005 zilikuwa bado zinamwiga mzazi wake, The Office ya awali ya Uingereza. Ya kwanza imefuata mswada wa Waingereza karibu neno kwa neno. Michael Scott, meneja wa tawi la kampuni ya karatasi huko Scranton, anakera tu.

Msimu wa pili una sehemu 22, Septemba 2005 hadi Mei 2006. Michael ni mropokaji yule yule, ila sasa tunajua anachokitafuta: apendwe. Sehemu ya kwanza tu, anawagawia wafanyakazi tuzo zake mgahawani, wateja wa meza ya jirani wanamzomea, ananyong'onyea. Wafanyakazi wanaomsema kutwa ndio wanaoanza kumshangilia. Mtu wetu, tumseme sisi wenyewe.

Halafu tazameni ile ya Krismasi. Wafanyakazi wanapeana zawadi, kikomo dola 20; Michael kanunua iPod ya dola 400, yeye kaambulia glavu ya jikoni aliyofuma mfanyakazi wake Phyllis. Anasusa, anabadili mchezo ghafla: sasa watu wanyang'anyane zawadi. Buli ambalo Jim, muuzaji, alimwandalia Pam, mpokezi wa wageni anayempenda kimoyomoyo, lenye barua ndani, linaangukia kwa muuzaji mwenzake Dwight. Pam analipata mwishoni, lakini Jim keshaichomoa barua kimyakimya. Kinyongo cha bosi kimevuruga mapenzi ya watu wawili, na yote yametendeka humo humo ofisini. Huo ndio utunzi!

Nawaomba wanaorekodi vichekesho hapa Mtwara na Lindi waipekue sehemu hiyo. Ofisi ya chama cha msingi cha ushirika wakati wa korosho ina kila kitu: mizani inayobishaniwa, karani wa stakabadhi, mkulima anayerudi mara ya nne kuulizia malipo, mwenyekiti mpenda hotuba. Tatizo mwenyekiti wetu hufoka tangu mwanzo hadi mwisho, na kufoka kukizoeleka hakuchekeshi. Mpeni kitu kimoja anachokitamani, tuseme wakulima wamwimbie, kisha mumnyime. Karani naye asikae kama pambo. Awe na siri yake inayoharibiwa na tamaa ile ile ya mwenyekiti. Na kicheko cha kubandika kiondoeni. The Office haina. Mwenyekiti akisharopoka, kamera ihamie kwa karani aliyeshika kalamu, ibaki hapo sekunde 3 bila muziki.