Duke 2024/25: Mechi 35 walizoshinda na dakika moja iliyowaumbua

Ukitaka kuanzisha ugomvi kwa watu wa basketi, uliza tu kama msimu wa 2024/25 wa Duke, timu ya chuo kikuu cha Marekani, ulikuwa wa mafanikio au walifeli. Kuna wanaosema timu imeshinda 35 ikafungwa 4, imebeba ubingwa wa ACC (ligi ya vyuo wanayochezea) msimu wa kawaida na wa mashindano, imefika nusu fainali ya taifa ya vyuo, mnataka nini tena? Na kuna wanaosema ukiwa na nyota kama Cooper Flagg na usibebe ndoo basi umefeli, mengine ni maneno tu.

Mi naona kila upande una hoja, ila wote wanagusia juujuu sehemu yenye utamu.

Tuanze na wanaoitetea timu. Hii timu kwenye ACC ilipoteza mechi moja tu kati ya 20. Februari wakaenda Madison Square Garden, New York, wakaichapa Illinois 110-67, hiyo ni gepu ya pointi 43 dhidi ya timu nzuri tu. Flagg, dogo aliyeanza msimu akiwa na miaka 17, aliwatupia Notre Dame pointi 42. Akaumia kifundo cha mguu kwenye mashindano ya ACC, wenzake wakaenda bila yeye wakamfunga North Carolina 74-71 halafu wakamfunga Louisville fainali. Kisha drafti ya Juni 2025, pale timu za NBA zinapochagua vijana wapya, wachezaji wote watano wa kikosi cha kwanza wakachukuliwa, Flagg namba 1, Kon Knueppel namba 4, Khaman Maluach namba 10, Sion James na Tyrese Proctor raundi ya pili. Sasa ukimwambia kocha Jon Scheyer kafeli, naye ndo mwaka wake wa tatu tu tangu amrithi Mzee Krzyzewski, hapo unakuwa mkali kupita kiasi.

Haya, upande wa pili. San Antonio, Aprili 5, 2025, nusu fainali dhidi ya Houston. Zimebaki dakika 8 hivi Duke anaongoza kwa pointi 14, watu washaanza kuongelea fainali. Kumbe moto ulishaanza kukatika, maana kwenye dakika 10 na nusu za mwisho walifunga kikapu kimoja tu cha kucheza, nyingine zote mitupo huru. Hata hivyo ikiwa imebaki chini ya dakika moja bado walikuwa mbele 67-61! Emanuel Sharp wa Houston akapiga pointi tatu, 67-64. Duke wakarusha mpira kuingiza uwanjani ukaibwa, Houston wakakosa lakini Joseph Tugler akaudaka juu kwa juu na kuugongelea ndani, 67-66. Proctor akapewa mtupo ule ambao ukiingiza wa kwanza ndo unapewa wa pili, akakosa wa kwanza. Kwenye kugombea ule mpira Flagg akaitiwa faulo mgongoni kwa J'Wan Roberts, Roberts akaingiza yote miwili, 68-67. Flagg akapewa mpira wa mwisho, akaingia katikati, akarusha, ukawa mfupi. Mwisho Houston 70, Duke 67.

Mashabiki wa Duke wanalia na ile faulo, na kweli refa angeweza kuiacha ipite wala asingelaumiwa sana. Lakini faulo haikuiba mpira wa kuingiza, na haikukosa mtupo wa Proctor.

Kinachonifanya niegemee kidogo upande wa walalamikaji ni mechi nyingine tatu walizofungwa. Kentucky 77-72, Kansas 75-72, Clemson 77-71. Hakuna hata moja waliyopigwa kwa gepu ya maana, zote ziliamuliwa mwishoni na zote walibanwa wakapata mchecheto. Na Kansas alikuwa hana Hunter Dickinson dakika 10 za mwisho, katolewa nje, na bado Duke akafungwa. Kwa hiyo ya San Antonio tusiseme bahati mbaya, ugonjwa ulikuwepo tangu Novemba. ACC mwaka huo ilikuwa laini, timu nne tu ndo zilienda mashindano ya taifa, so Duke alikuwa anamaliza mechi mapema halafu dakika za mwisho wanacheza wa benchi, utajifunza wapi kumaliza mechi ya pointi mbili?

Kwetu huku wengi tulikuwa tunamwangalia Maluach. Mzaliwa wa Sudan Kusini, kakulia Kawempe pale Kampala, kachezea City Oilers ya Uganda kwenye BAL (ligi ya basketi ya Afrika) kabla ya kwenda Duke. Urefu futi 7 na inchi 2, na usiku ule dakika 21 uwanjani hakupata ribaundi hata moja, wakati Houston wanajichotea mipira chini ya kikapu chake. Inauma lakini ndo ukweli. Ila pia siku hiyohiyo Marco Rubio, waziri wa mambo ya nje wa Marekani, alitangaza Marekani inafuta viza zote za wenye pasipoti ya Sudan Kusini, na dogo wa miaka 18 anatakiwa aingie uwanjani jioni. Sisemi ndo sababu, nasema mtu anayemhukumu kwa ile sifuri aijue na hiyo habari.

Wengi wanahitimisha kwamba madogo wa mwaka wa kwanza hawabebi ndoo siku hizi, maana mwaka wa ziada wa kucheza waliopewa wachezaji kwa sababu ya korona, na hela za matangazo, zimewabakiza wakongwe vyuoni, na Roberts mwenyewe alikuwa Houston tangu 2019. Kuna ukweli, hata Duke ya 2019 iliyokuwa na dogo nyota Zion Williamson ilitolewa na Michigan State 68-67. Lakini Duke hao hao walibeba 2015 kwa madogo, na siku mbili baada ya kumtoa Duke, Houston na wakongwe wake wote walikuwa mbele ya Florida kwa pointi 12, wakafungwa 65-63, na mpira wa mwisho hata hawakuurusha kikapuni.