Dakika Tano Zinatosha Kukutambulisha

Wengi wanaoipigia debe teknolojia ya uhalisia pepe, yaani kifaa kinachovaliwa machoni na kumwonyesha mtu ulimwengu uliotengenezwa kwa kompyuta, ndio wanaoiuza, na mwamba ngoma huvutia kwake. Ndiyo maana namsikiliza kwa makini zaidi Jeremy Bailenson, aliyeanzisha mwaka 2003 maabara ya kuchunguza mahusiano ya binadamu ndani ya ulimwengu huo katika Chuo Kikuu cha Stanford, Marekani. Ameifanyia kazi teknolojia hii kwa zaidi ya miaka ishirini, na bado anashauri itumike hasa kwa mambo ambayo katika maisha halisi ni ya hatari, hayawezekani, au yanagharimu mno. Zaidi ya hayo, anahimiza mtu avue kifaa na kupumzika baada ya takriban nusu saa.

Ushauri huo ni mzuri, lakini naona haugusi jambo linalonitia hofu kuliko yote. Kifaa cha uhalisia pepe hakiwezi kufanya kazi bila kupima, mara nyingi kwa kila sekunde, jinsi kichwa na mikono vinavyosogea. Bila vipimo hivyo, picha haiwezi kugeuka pamoja na shingo ya mtazamaji. Katika utafiti uliochapishwa mwaka 2020, ambao Bailenson alikuwa miongoni mwa waandishi wake, watu 511 walitazama video za pande zote, yaani zinazomzunguka mtazamaji, na mfumo wa kompyuta ukaweza kumtambua kila mmoja kwa usahihi wa asilimia 95, ukitumia data ya mwendo isiyofika dakika tano. Hawakuombwa kufanya lolote la kuwatambulisha. Walitazama video na kueleza walivyojisikia, basi. Mtu anayepumzika kila baada ya nusu saa huwa ameshatambulika muda mrefu kabla ya kuvua kifaa.

Nywila ikiibwa hubadilishwa, ila namna ninavyoinamisha kichwa au kuinua mkono siwezi kuibadilisha, hata nikijiita jina jingine na kujivika, ndani ya ulimwengu huo, umbo lisilofanana nami. Tukumbuke pia kwamba Facebook, kampuni ambayo mapato yake makubwa hutokana na matangazo, ilitangaza kuinunua Oculus, watengenezaji wa vifaa hivi, mwaka 2014. Sidai kwamba kila kipimo kinachochukuliwa huuzwa. Ninachosema ni kwamba haifai faragha ya mwili wa mtu itegemee hisani ya mfanyabiashara.

Kwa maoni yangu, data ya mwendo ihesabiwe kisheria kuwa sawa na alama za vidole: ichakatwe ndani ya kifaa chenyewe, ifutwe mtumiaji anapomaliza, na isitumike kwa matangazo kabisa. Pale inapolazimika kutoka nje ya kifaa, kwa mfano watu wanapokutana katika chumba kimoja cha mtandaoni, mtumiaji aombwe ridhaa kwa sentensi fupi inayotamka wazi kwamba mwendo wake unaweza kumtambulisha.