Taa nayo inataka namba yangu ya simu?

Mi sio mtu wa kuogopa teknolojia, naisema mapema kabla hamjanirukia. Mgonjwa wa kisukari siku hizi anabandika kisensa kidogo mkononi, kinapima sukari kila baada ya dakika chache, ikishuka usiku wa manane simu inalia, na simu ya mama yake aliyelala chumba kingine inalia pia. Hapo sina ubishi hata kidogo, mtu anaamshwa anakunywa kitu cha sukari anapona.

Kinachonikera ni hii tabia ya kuunganisha kila kitu na intaneti bila sababu. Taa, friji, mswaki, mpaka mdoli wa mtoto, kila kimoja kinataka ufungue akaunti, kinataka namba ya simu, kinataka kujua uko wapi, afu data zote zinaenda kukaa kwenye seva ya watu usiowajua. Yani taa! Kazi yake si kuwaka na kuzima tu jamani?

Mnaikumbuka Mirai ya 2016? Ile programu hasidi ilikuwa inazunguka mtandaoni inatafuta kamera za ulinzi na ruta ambazo wenyewe hawajabadilisha paswedi ya kiwandani, inajaribu zile za admin admin, ikiingia tu kifaa kinakuwa askari wake. Oktoba 21 mwaka huo jeshi la vifaa hivyo likaelekezwa kwa Dyn, kampuni ya Marekani iliyokuwa inazisaidia kompyuta kujua tovuti gani iko wapi, likaimiminia maombi mpaka ikazidiwa, na Twitter, Netflix na Reddit zikawa hazifunguki kwa watu wengi kwa masaa. Na wenye kamera wengi wala hawakujua, maana kamera ilikuwa inaendelea kuonyesha geti kama kawaida.

Afu sio lazima hata mtu aibe. Strava, ile app ya kurekodi mazoezi, ilitoa ramani ya dunia ya mahali watu wanapokimbilia mazoezi, haina jina la mtu hata mmoja, lakini Januari 2018 watu wakagundua kambi za jeshi zinang'aa katikati ya jangwa, kwa sababu wanajeshi walikuwa wanakimbia na saa zao mkononi. Sasa kama jeshi limeumbuka kwa jogging, mimi na wewe je?

Uingereza tangu Aprili 2024 imekataza kuuza vifaa vya namna hii vikiwa na paswedi nyepesi za kiwandani, na mtengenezaji lazima aseme atatoa apdeti za usalama mpaka lini. Safi sana, ila mi nataka na kingine kiandikwe hapo hapo kwenye boksi, kwa maandishi makubwa: nikizima intaneti, hiki kitu kitaendelea kufanya kazi au la.